Posa Iliyorudiwa

"Samahani wazee wangu, naomba mtoke muingie tena. Kamera ilichelewa kuwaka."

Sebuleni kwa kina Farida, wazee wakatazamana. Mzee Jabiri, mshenga, alikuwa ameshatua sinia la posa mkekani. Mzee Mudathir, baba mkubwa wa Farida, binti anayeposwa, alikuwa ameshatamka kwamba posa imepokelewa. Na aliyeomba irudiwe ni Twaha, muoaji mwenyewe!

Wapi umeona mwanamume akahudhuria posa yake? Twaha alijipenyeza kama mpiga picha. Alikuwa akitengeneza filamu ya maisha ya kila siku pale Mtoni, mtaa aliozaliwa, kwa kamera yake na nguvu zake, akaona posa yake nayo ni maisha ya kila siku.

"Nirudie nini?" aliuliza Mzee Mudathir.

"Pale uliposema mmepokea, baba mkubwa. Kidogo tu."

Wazee wa watu wakatoka, wakavaa viatu, wakavua, wakaingia. Mzee Jabiri akaanza salamu upya huku amenuna. Sinia likatuliwa.

"Safari hii hatukupokea," alisema Mzee Mudathir. "Bebeni sinia lenu."

Jioni ujumbe wa Farida ukaingia: "Nilikuwa nyuma ya pazia. Umekataliwa na bado unarekodi!"

Twaha akapiga. Akapiga tena. Mwishowe simu ikapokelewa.

"Farida, nilipaniki."

"Hukupaniki. Ulisogea karibu upate uso wa baba mkubwa. Nilikuona."

"Ndiyo kazi yangu, mpenzi."

"Kazi yako naipenda. Si mie niliyekuwa nakubebea mabetri Temeke nzima? Lakini siku tunamzika bibi yangu, ulinishika mkono au ulishika kamera?"

Mazishi yale aliyarekodi vizuri sana.

"Nilitaka mtaa wetu usisahaulike," alisema taratibu.

"Na mie nilitaka mtu wa kumwegemea."

"Sasa nifanyeje?"

"Sikwambii. Nikikwambia, utaigiza."

Simu ikakatwa. Twaha akalia, tena kwa sauti, maana alimpenda yule binti na alijua kila alichoambiwa ni kweli.

Ijumaa baada ya swala alimfuata Mzee Mudathir kibarazani.

"Shikamoo, baba mkubwa. Nimekuja kuomba radhi. Niliwafanya waigizaji ndani ya nyumba yenu."

"Marahaba. Mie hasira zimeshaisha. Muombe mwenyewe."

Farida alitokea mlangoni, kajitanda khanga.

"Nimekosa, Farida. Siku ya bibi nilikuacha ulie peke yako."

Farida akamtazama. Machozi yalimlengalenga.

"Watume tena wazee Jumapili," alisema. "Na wewe ubaki kwenu, usubiri kama wanaume wenzio."

Jumapili Twaha alikaa kwao tangu asubuhi, chai imepoa, hajui kinachosemwa kule wala nani kavaa nini. Hakuwahi kuogopa hivyo maishani. Adhuhuri simu ikaita.

"Wamepokea," alisema Farida.

"Alhamdulillah! Ilikuwaje? Baba mkubwa alisemaje? Wewe ulikuwa umekaa wapi?"

Farida akacheka.

"Hayo sikusimulii, Twaha. Hayo ni yangu."

Filamu ilipooneshwa mtaani, watu waliuliza mbona posa haimo. Twaha aliwaambia hakuwepo.