Diski ya Shekinah

Jioni moja ya mwaka 2016, Firmin alikuwa ameshafunga geti la vyuma la kibanda chake cha kutengeneza kompyuta pale Jules Street, Malvern, mwanamke akagonga. Magharibi ile mtu mwenye akili zake hafungui. Lakini alimtambua: Thérèse, msusi wa kona ya pili, amemshika binti yake mkono. Akawafungulia, wakaingia, akakomea kufuli nyuma yao.

Thérèse akatoa diski ya gemu, kuukuu, imejaa mikwaruzo.

"Papa Firmin, mtoto wangu yumo humu. Mtoe."

Haki ya Mungu Firmin angecheka, ila alimtazama mtoto. Shekinah, yule mwenye mdomo ambaye kanisani kwao, mtaa wa Bertrams, hawaishi kumnyamazisha, alisimama macho makavu, hapepesi. Diski ilinunuliwa kwa mchuuzi wa barabarani asiyejulikana. Aliicheza jioni moja tu. Tangu hapo hasemi, hali, hata kulia halii.

"Namsikia ndani ya muziki wa gemu," mama akanong'ona. "Analia."

Firmin alikuwa na programu ya kizamani ya kuchomoa picha na sauti kwenye diski za gemu. Kompyuta mpya zinaikataa, kwa hiyo aliiweka kwenye mashine yake ile nzito ya zamani, yenye skrini ya kisogo. Akatumbukiza diski. Krr... krr... Harufu ya nywele zilizoungua ikajaa kibandani. Sauti zikatoka moja moja. Gari. Makofi. Ngoma.

Kisha pumzi.

"Mama... huku giza. Nifungulie."

Thérèse akaziba mdomo kwa kanga. Firmin angefanyaje, mtoto wa watu analia! Akabonyeza kitufe cha kuchomoa. Mstari wa kijani ukatambaa... ukatambaa... ukafika mwisho.

Nyuma yake mtu akakohoa.

"Mama, nina njaa."

Jamani! Mwanamke alipiga magoti, akamkumbatia binti yake, analia huku anacheka, Yesu asifiwe, Yesu asifiwe! Shekinah anataka chipsi, anataka nyumbani. Firmin akawafungulia geti, machozi yanamlengalenga. Wakaenda zao hadi kwenye robot, zile taa za barabarani, wakasubiri ziwaruhusu kuvuka.

Akarudi kuitoa diski.

"Mama?"

Ilitoka kwenye spika.

Firmin akaganda. Kwenye skrini ulikuwa ujumbe ule ule wa siku zote: nakala imekamilika. Eish. Programu ile haijawahi kutoa kitu chochote kwenye diski. Inanakili tu, na chenyewe kinabaki pale pale, wala diski zile hazifutiki. Alilijua hilo miaka yote. Alilijua!

Akakimbilia getini.

"Mama Shekinah!"

Thérèse akageuka, uso umejaa furaha ambayo Firmin hajawahi kuiona kwa mtu. Mtoto naye akageuka, akamkazia macho. Hakupepesa.

Firmin akashika vyuma vya geti.

"Mulale salama," akasema.

Wakavuka. Firmin akafunga geti, akavuta kiti mbele ya mashine, akakaa.

"Papa Firmin," sauti ikanong'ona, "mama ameenda wapi?"

"Anakuja," akadanganya. "Anakuja sasa hivi."

Krr... krr...

"Basi usizime mashine, papa. Watoto wenzangu humu ndani wanaogopa."