Mkono wa Pili wa Fundi Wouter

Miale sita ya Mfichuzi ilishuka juu ya ubao wa mwaloni bila sauti yoyote, na rangi iliyokauka kwa karibu miaka mia saba ikaanza kuinuka, utando mwembamba kama ule wa juu ya maziwa yaliyopoa. Kila utando ulinyonywa na mrija wa kioo, ukapimwa, ukapewa namba, kisha ukachomwa. Wageni mia mbili waliojaa ukumbi wa Jumba la Sanaa la Loleza, jijini Mbeya, walipiga makofi. Walishangilia kana kwamba wanatazama keki ikikatwa.

Mfichuzi ilikuwa mashine ya akili mnemba iliyofundishwa kuutambua mkono wa mchoraji mmoja tu: namna alivyoburuta brashi, alivyoibonyeza, hata alivyochoka jioni. Chochote kwenye ubao ambacho hakikuwa cha mkono huo, mashine ilikiita uchafu, na uchafu iliuondoa. Magazeti yalikuwa yameisifu wiki nzima. Hakuna hata moja lililouliza neno hilo, uchafu, lilitoka kwa nani.

Atuganile alijua. Alikuwa fundi mtunza picha wa jumba hilo, na yeye ndiye aliyeifundisha Mfichuzi kwa miaka sita. Siku moja katika mwaka wa pili, mashine ilimuuliza: rangi isiyo ya mkono huu iitwe nini? Alikuwa anakimbilia kikao, kikao cha kupanga rangi ya mapazia. Akajibu kwa neno moja, akazima taa na kwenda zake.

Mchoraji mwenyewe alikuwa Wouter Kastelein, mtu wa Brugge, mji wa nchi za chini ambazo bahari ilishazimeza. Alikuwa mtoto wa mtengeneza mapipa. Alianza kwa kusaga rangi za wenzake, akapata karakana yake, akamwoa Lijsbet, akachora watakatifu na matajiri, kila ukucha na kila uzi wa zulia. Rangi zake alizichanganya na mafuta ya mbegu za kitani, akazipaka tabaka juu ya tabaka, nyepesi kama chai ya rangi, na kila tabaka aliliacha siku kadhaa likauke. Alipofika miaka arobaini na mitano, mkono wake wa kulia ulianza kutetemeka hata kijiko kikamshinda. Wataalamu wameandika vitabu vinene kueleza kwamba ni wakati huohuo picha zake zilipopata utulivu wa ajabu. Mkono unatetemeka, mistari inatulia, na mabwana wasomi wakaona sawa tu!

Ubao uliokuwa chini ya miale ulionyesha wanawake watano kaburini. Pembeni alikaa mwanamke mzee mwenye bakuli, anamtazama mtazamaji usoni bila kupepesa. Watu wa nchi za chini walipokimbia maji, baadhi yao walipanda hadi nyanda hizi za juu wakiwa wameufunika ubao huo kwa mablanketi, na wajukuu zao sasa ni Wanambeya kama wengine. Huyo mzee wanamwita Mama wa Pembeni. Kila bibi harusi wao huja siku moja kabla ya ndoa, husimama mbele yake na kumtajia jina lake kamili, la kwake na la mama yake. Hawaombi kitu. Wanajitambulisha, basi.

Siku tatu kabla ya sherehe hii, Atuganile alikuwa ameutazama uso huo kwa hadubini, akaona jambo lililomfanya akae chini. Kisha alipanda ngazi mbilimbili hadi kwa mkurugenzi, Dokta Ambakisye.

"Dokta, uso wa Mama wa Pembeni haukuchorwa na Wouter," alisema.

"Najua. Mfichuzi imeonyesha. Umeongezwa na mtu mwingine baadaye, nasi tutauondoa tumwone Wouter halisi."

"Haukuongezwa baadaye. Kungekuwa na vumbi au vanishi katikati ya tabaka, na hakuna. Halafu juu ya uso huo kuna tabaka la mwisho, la rangi ya kahawia, ambalo ni la Wouter mwenyewe. Ameligandamiza kwa kiganja. Mistari ya kiganja chake inaonekana, na inaonekana ilivyotetemeka."

Dokta Ambakisye alikuna kidevu. "Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo mkewe alichora, na yeye akamalizia. Mkono unaotetemeka hauwezi kuchora kope, ila kugandamiza rangi unaweza. Nani mwingine aliyekaa naye karakanani miaka yote ile? Walifanya kazi pamoja, Dokta! Miaka yote ile ya utulivu ni ya Lijsbet. Mashine ikimwondoa yeye, inamwondoa na mumewe, maana rangi yake imelala juu ya rangi ya mkewe."

"Lijsbet hayumo kwenye orodha ya chama cha wachoraji."

"Hakuandikwa kwa sababu hawakutaka kumwandika."

Mkurugenzi alitazama saa yake. "Sawa, sawa, mama. Kona ile haitaguswa. Nimekuahidi."

Atuganile alimwamini. Hilo ndilo lililomkereketa baadaye kuliko yote, kwamba alishuka ngazi akiwa anatabasamu.

Sasa, mbele ya wageni, kioo cha meza yake kilionyesha njia ya miale, na njia ilipinda kuelekea pembeni. Atuganile alidhani macho yanamdanganya. Alibonyeza kitufe cha kusimamisha. Kitufe hakikujibu; mkurugenzi alikuwa amekihamishia kwenye meza yake mwenyewe. Aligeuka kumtafuta, akamwona amesimama na kipaza sauti, anawaeleza wageni kuhusu uhalisi.

"Dokta! Uliniahidi!"

Dokta Ambakisye alimwashiria kwa mkono atulie, vile mtu anavyomtuliza mtoto kanisani. Katika safu ya mbele, Bibi Godelieve, mzee wa watu wa nchi za chini, alianza kuinuka kitini. Jicho la kushoto la Mama wa Pembeni likainuka ubaoni, likaingia mrijani.

Atuganile hakufikiri. Aliruka kamba na kuuingiza mkono wake mzima kati ya miale na ubao. Harufu ya ngozi iliyoungua ilifika safu ya tatu. Mfichuzi, iliyokatazwa kumchoma mtu, ilizima miale yenyewe.

Palipokuwa na jicho palibaki chokaa nyeupe, ile iliyopakwa ubaoni kabla ya rangi.

"Ni hitilafu ndogo, wageni waheshimiwa," Dokta Ambakisye alisema, na sauti yake haikupanda hata kidogo. "Msiwe na wasiwasi. Mfichuzi inaujua mkono wa Wouter kuliko Wouter alivyojijua. Italichora jicho hilo upya sasa hivi, kwa mtindo wake. Dakika kumi tu."

Watu walishusha pumzi. Wengine walipiga makofi tena, na hapo ndipo hasira ya Atuganile ilipovuka mpaka. Wamemfuta mwanamke, na sasa wanataka kumchora mumewe juu yake, kisha watu wanywe soda waende nyumbani wakisema picha imepona!

Alirudi kwenye meza yake. Kitufe cha kusimamisha walimnyang'anya, lakini kumbukumbu ya mafunzo ilikuwa inafunguka kwa kiganja cha mwalimu peke yake. Alifungua. Mashine ikatangaza kwa sauti yake ya upole, ukumbi mzima ukisikia: "Mafunzo yote ya mkono wa Wouter Kastelein yatafutwa. Hayatarejeshwa. Weka kiganja kuthibitisha."

Dokta Ambakisye alidondosha kipaza sauti na kumjia mbio. "Una wazimu? Hiyo ni miaka sita ya kazi yako! Nani atakuajiri tena?"

"Hutachora kitu juu yake."

"Atuganile, tuongee kama watu wazima."

"Majuzi tuliongea kama watu wazima."

Alikibandika kiganja kilichoungua kwenye kioo. Maumivu yalimtoa machozi, naye aliyaacha yatiririke. Mfichuzi iliandika kwamba haimtambui tena mchoraji yeyote, ikasubiri kufundishwa.

Wageni walianza kunong'ona na kutafuta makoti yao. Bibi Godelieve alikuja taratibu na fimbo yake hadi mbele ya ubao.

"Shikamoo, Bibi," Atuganile alisema.

Bibi hakuitikia. Aliielekezea chokaa fimbo yake. "Babu yangu alilala juu ya ubao huu ndani ya mtumbwi usilowe," alisema. "Nani aliifundisha hii mashine yenu?"

Angeweza kumtaja mkurugenzi, na kwa mambo mengi asingekuwa amesema uongo.

"Ni mimi, Bibi."

"Aliyekwambia ufanye hivyo ni nani?"

"Iliniuliza swali, nami nilikuwa na haraka."

"Haraka," Bibi Godelieve alirudia, akalitema neno hilo. "Basi usinililie. Lete kiti ukae hapa, na kila anayepita umweleze, kwa mdomo wako mwenyewe."

"Bibi, huyu hana kazi hapa tena kuanzia dakika hii," Dokta Ambakisye aliingilia.

"Wewe nitakufikia," Bibi alimjibu bila kumgeukia. "Ubao ni wetu. Mlikuwa mmeazimwa."

Atuganile alivuta kiti kwa mkono usioungua na kukaa. Mwanamke mmoja aliyekuwa anaelekea mlangoni na mumewe alisimama, akainamia ubao.

"Samahani, dada, hapa palikuwa na nini?"

"Palikuwa na jicho," Atuganile alisema. "Alilichora mwanamke anaitwa Lijsbet, na mimi nikaiambia mashine kwamba ni uchafu."

Yule mwanamke alimkodolea macho, akamshika mumewe mkono wakaondoka bila kuaga. Mtu mwingine akasogea, na Atuganile akaanza upya.