Mchanga Ndani ya Wali Mtamu

Nyumbani kwa akina Poonkodi, mjini Mannargudi, jiko haliwashwi kabla mpishi hajaoga, na hakuna anayeonja kitu kabla Mungu hajapelekewa chake. Chumvi hukadiriwa kwa macho na utamu kwa mazoea. Bibi alipika hivyo tangu aolewe wala hakukosea, au kama alikosea, hakuna aliyethubutu kumwambia.

Ijumaa hiyo alipika Amudha, mke mpya wa kaka yake Poonkodi. Ilikuwa mara yake ya kwanza kupika wali mtamu wa sadaka, na mashangazi walikuwa wameshajaa ukumbini, midomo iko tayari. Mchele aliupima mara tatu. Alimwomba Poonkodi ayeyushe sukari guru na kuichuja kwa kitambaa. Poonkodi, msichana wa miaka kumi na miwili, alikuwa anaitwa na wenzake nje. Akaona kuchuja kunamchelewesha, akaimimina yote chunguni, akatoka mbio.

Aliporudi, wali ulikuwa umeepuliwa, samli inang'aa juu, iliki inanukia jiko zima. Wifi yake alikuwa amekwenda kubadili sari. Mate yakamjaa mdomoni. Akachota kidogo kwa kidole, akaonja.

Meno yakasaga mchanga.

Akawaza. Akisema, itajulikana kwamba hakuchuja, na tena amemtangulia Mungu kula. Akinyamaza, hakuna atakayemshuku, na lawama zote zitamwangukia Amudha. Mashangazi wale hawakuwa watu wa kusahau. Poonkodi aliona aibu, na kuliko aibu aliogopa. Mara Bibi akaingia na sahani ya sadaka, Amudha nyuma yake, uso umechangamka kwa mara ya kwanza tangu alfajiri.

"Bibi, usipeleke," Poonkodi alisema. "Nimeonja. Una mchanga. Wifi aliniambia nichuje, mimi sikuchuja."

Bibi alimtazama. "Umeonja kwa kijiko?"

"Kwa kidole."

"Umenawa?"

"Hapana."

"Basi hukubakisha kosa," Bibi alisema, akaiweka sahani chini.

Chungu kile alipewa ng'ombe wa jirani, naye hakulalamika. Poonkodi alioga upya, akayeyusha sukari guru nyingine na kuichuja mara mbili bila kuambiwa, Amudha akapika wali mwingine. Bibi mwenyewe aliwaeleza wageni kwamba aliyechelewesha chakula ni Poonkodi, si Amudha. Walinung'unika, wakangoja. Mungu alipokwisha kupata chake, wakala, na shangazi mkubwa akaomba aongezewe. Amudha alimkwangulia Poonkodi ukoko mtamu wa chini ya chungu, akampa bila neno.

Jioni, wakiosha vyombo, Poonkodi aliuliza kama Mungu amemkasirikia.

"Mungu hana haraka ya kula, mjukuu wangu," Bibi alijibu. "Tungempikia tena hata kesho. Lakini wifi yako wangemwita mpishi wa mchanga mpaka azeeke. Na wewe, kila wakimwita, ungejua jina hilo ni lako. Leo umelichukua mwenyewe mapema, na umeona, halikukuua."