Jina Lenye Mwenyewe

Bisha. Ila bisha ukiwa umekaa, maana waliobisha wakiwa wamesimama niliwaokota chini. Haya yalimkuta shangazi yangu, na yeye hana muda wa kutunga uongo. Hata wa kulala hana.

Kazi yake ni kuhakiki majina ya watoto kwenye tovuti moja ya wazazi. Ukiiamini tovuti ile, hakuna anayezaa mtoto wa kawaida. Kila jina ni malkia, kila jina ni nuru. Shangazi ndiye wa kusema kama ni kweli. Humpigia simu mzee wa lugha husika, hulitamka jina taratibu, hulirudia, kisha husikiliza. Mgongo unamuuma, macho yamemvimba, na majina hayaishi.

Alasiri ile alibakiwa na jina la nyumbani. Mdogo wake alikuwa amejifungua binti, kesho aandikishwe, na jina kalitoa humohumo tovutini: "umande wa asubuhi". Shangazi akapiga mwayo, akampigia bibi mmoja, akalitamka. Akalirudia kwa sauti zaidi.

"Hilo halina maana, mwanangu," bibi akanong'ona. "Lina mwenyewe. Kwetu tuliacha kuliita, asijue tuliko."

Simu ikakatika.

Shangazi akasonya. Ataandika "haijulikani", akalale. Ndipo mwenzake wa meza ya pili, bingwa wa utani, akainua kichwa.

"Una roho ngumu wewe. Mgeni kasimama nyuma yako muda wote huo, hata kiti?"

Hakugeuka. Shingo ilikataa.

Mwenzake naye akaacha kutabasamu. Macho yake yakafuata kitu, polepole, kutoka mgongoni kwa shangazi mpaka mlangoni. Mlango haukufunguka.

Shangazi akampigia mdogo wake. Mwite lolote, akamsihi. Hilo usimwite.

"Dada, mbona tunamwita hivyo tangu hospitali," mdogo wake akasema. "Sasa hivi tu nimemwita."

Basi wakalibadilisha kabla ya kuandikisha, wakampa la bibi yetu. Mtoto ananyonya, analala, ananenepa. Hapo ndipo huwa naishia, watu wapate usingizi.

Lakini kuna kipande nimekiruka. Mama yake akimwita kwa jina hilo jipya, kitandani huitikwa "abee", kwa adabu kabisa.

Mtoto mwenyewe hata kukaa hajaweza.