Jina la Tano

Yaliyompata rafiki yangu Munguti mwaka 2008 hayahitaji kutiwa chumvi. Katika saiba moja ya Kitengela, chumba cha kompyuta za kukodi kisicho na dirisha, aliongoza kikosi chake kwenye fainali ya mchezo wa vita mtandaoni dhidi ya kikosi cha mji wa Kajiado. Mshindi angekwenda Nairobi. Walikuwa wamebaki wanne, maana mwenzao wa tano, Parsaoti, walimzika Jumanne.

“Wa tano ameenda kuchunga?” Kajiado wakaandika kwenye skrini, kwa dhihaka.

Munguti akavuta kipaza sauti cha hedifoni karibu na mdomo. Kabla ya kushambulia, kama ilivyokuwa desturi yake, aliwaita wenzake kwa majina, na kwa mazoea akamwita Parsaoti pia.

“Niko, kapteni,” sauti ya Parsaoti ikajibu katika hedifoni. “Wamejificha kushoto.”

Walishambulia kushoto, wakashinda. Mara stima ikapotea, skrini zote zikazimika. Gizani, mbele ya kiti kitupu cha Parsaoti, kibodi iliendelea kugongwa, taratibu.