Wembe Kwenye Silikoni

"Hapa pamekatwa," fundi alisema, ameinama juu ya sinki la jikoni.

Ilikuwa mara yake ya tatu kuitwa kwenye nyumba hii. Mara ya kwanza aliikwangua silikoni kuukuu, gundi ya kuziba kingo za sinki, iliyoota ukungu, akapaka mpya, akailainisha kwa kidole kilicholowa maji ya sabuni. Mwenye nyumba, mfamasia mpole anayeishi na mama yake, alikaa akimtazama kama mtu anayesikiliza mvua. Na fundi mwenyewe, mwanamke mzima, Mungu amsamehe, alirudi kwake siku ile akitembea kama msichana anayekanyaga pamba.

Wiki haikuisha, ikavuja. Akarudia. Ikavuja tena.

"Labda ni joto," mfamasia alisema, macho sakafuni.

"Silikoni ikichoka huachia kingoni. Hii imepasuliwa katikati, mstari umenyooka. Huu ni wembe, kaka."

Jua la alasiri lilimwagika dirishani, vumbi likielea ndani yake polepole.

"Ni mimi," mfamasia akasema. "Kila ukimaliza kazi, unaondoka. Sikujua nikurudishe vipi."

Moyo wa fundi ulitaka kuruka. Akaukalia.

"Unajua bosi wangu kaninyang'anya kazi ya hoteli? Bafu arobaini! Eti ufundi gani huo, sinki moja tu linanishinda. Siku nne chakula hakipiti, najiuliza mkono wangu umekosea wapi. Kumbe wewe unachezea riziki yangu!"

Mfamasia alinywea. Akachukua simu, akampigia bosi kwa namba ileile ya kumwitia fundi, akaweka spika.

"Bosi, kazi ya fundi wako haina kasoro. Nimeikata mwenyewe, mara mbili."

"Uikate kwa nini, mzee?"

"Nampenda."

Bosi akakohoa.

"Basi... mwambie Jumatatu aende hotelini."

Mama mtu alikuwa kasimama mlangoni, mkono kiunoni.

"Mtu mzima na digrii yake, anachanja sinki! Mwanangu, huo mdomo uliumbiwa uji tu?"

Fundi alicheka, machozi yakimlengalenga. Akapaka silikoni upya, taratibu, mkono mwepesi kama wa ndotoni.

"Isiguswe mpaka kesho."

"Na jibu langu?"

"Nalo liache likauke."

Lilichukua mwezi mzima. Siku fundi alipomaliza bafu la arobaini la hoteli, alikaa ukingoni mwake, kidole kingali na sabuni, akampigia.

"Nimemaliza. Njoo unichukue, twende kwa baba ukajitambulishe."