Kinundu cha Mtungi wa Balnacree

Moto chini ya mtungi ulikuwa umezimwa siku tisa, lakini shaba ilikuwa bado na joto mahali pamoja. Ranald Geddes alipitisha kiganja tena, taratibu, kama mtu anayempapasa ng'ombe mgonjwa. Kote kulikuwa baridi isipokuwa kwenye kinundu kimoja, kikubwa kama kichwa cha mtoto mchanga, kilichotokeza nje shingoni mwa mtungi.

Ranald alikuwa mfua shaba wa Rothes, na baba yake kabla yake. Mtungi wa kukenekea wiski ukichakaa, yeye ndiye aliyeitwa kufua mpya, na desturi ilikuwa kuiga kila kibonyo cha ule wa zamani, hata kilichotokana na toroli la mlevi fulani, ili ladha isibadilike. Kazi hiyo aliifanya na binti yake Effie, mwanamke wa miaka ishirini na minane, mwenye mkono mwepesi kuliko wake. Pale kwenye kiwanda cha Balnacree walipima vibonyo kumi na saba. Kinundu hawakukipima. Ranald alisema shaba iliyovimba ni shaba dhaifu, na hataki jina lake lipigwe kwenye kitu kitakachokuja kupasuka.

Mzee Wattie, aliyekeneka hapo tangu ujana wake, alimvuta pembeni.

"Kiige na hicho, Ranald."

"Hicho ni kasoro, mzee wangu."

"Sikukuuliza ni nini. Nakuomba ukiige."

Ranald akacheka, akamwambia ashughulike na shayiri yake.

Mtungi mpya ukasimamishwa, wa zamani ukakatwa vipande. Aliyeshika tochi ya gesi ni Effie. Moto ulipopita katikati ya kinundu ikatoka pumzi, ndefu, ya mtu aliyeamshwa usingizini, na harufu ya shayiri iliyochacha na nywele zilizoungua. Effie akaiweka tochi chini, akaketi sakafuni. Akasema yuko sawa, ila anasikia baridi.

Baridi ile haikumtoka. Nyumbani, sufuria za shaba zilizoning'inia ukutani zilivuma kila alipopita, na zilinyamaza akishafika chumba cha pili. Akaacha kula. Jumapili, jua likiwa limejaa jikoni, baba yake alimkuta ndani ya kabati la nguo, amejikunja, magoti yamegusa kidevu, anagonga mbao kwa ngumi polepole.

"Effie, mwanangu. Toka humo."

"Kuna mtu hana pa kulala, Baba," alinong'ona. "Ananiuliza mimi."

Ranald alikuwa mzee wa kanisa, na mambo ya waganga aliyadharau maisha yake yote. Siku hiyohiyo aliendesha gari mpaka kijiji cha Tomintoul kumleta Bi Grizel, aliyetibu watu na ng'ombe kwa maji yaliyolazwa pete ya fedha ndani yake. Bi Grizel alimnyunyizia Effie maji yale, nayo yakakauka kabla ya kugusa ngozi. Effie akacheka, na kicheko kikasikika kutoka mbali, kana kwamba kinapanda kutoka ndani ya chombo kirefu. Yule mama akafunika bakuli lake. Akaeleza kwamba aliyemo ndani ya binti ni mwenyeji wa chemchemi ya Balnacree, aliyekuwapo kabla ya kiwanda, na kwamba mfua shaba wa kwanza alimfulia chumba ili watu waache kufa. Chumba hicho, kile kinundu, Ranald amekikata.

"Basi mtoe," Ranald akasema.

"Siwezi kumtoa, baba. Naweza tu kumuuliza anataka nini, na hilo wewe unalijua."

Ranald akarudi Balnacree na Effie, akaingia ndani ya mtungi mpya na nyundo. Siku nne alifua kinundu shingoni kutoka ndani, akikisawazisha na kukifua upya, na kila mara Effie, aliyesimama nje akitetemeka ndani ya makoti matatu, alinyoosha kiganja akagusa, akatikisa kichwa, akasema si hapa. Na Ranald akarudi ndani kwenye joto la jasho lake mwenyewe, akijaribu kukumbuka kwa vidole umbo ambalo hakutaka kulipima, huku vipande vya mtungi wa zamani vimeshayeyushwa na hakuna mtu duniani aliyebaki na kipimo chake.

Siku ya tano, watu walipotoka kwenda kula mchana, Effie alipanda mwenyewe na kuingia. Likasikika pigo moja. Kisha akatoka kwenye kimlango kidogo cha ubavuni mwa mtungi, mashavu mekundu, akavua makoti na kuuliza kama kuna mkate. Shingoni mwa mtungi kinundu kilikuwa kimetokeza, chenyewe hasa, na kina joto.

Ranald alilia bila kuona haya. Akaanza kukusanya vifaa, na alipoegemea shaba akasikia ngumi ikigonga kwa ndani, na sauti ndogo, iliyochoka, ikisema, "Baba, nifungulie."

Akageuka. Effie alikuwa mlangoni, anatafuna, anamtazama. "Twende nyumbani, Baba," akasema.

Ranald alifungua kimlango cha mtungi, akamulika taa kila upande, na ndani hamkuwa na kitu. Akamwita meneja wa kiwanda, akamsihi asiwashe moto, akashindwa kusema kwa nini. Meneja akachungulia, akaona shaba tupu, akamshika bega na kumwambia akapumzike. Wattie aliweka sikio kwenye kinundu, akalitoa upesi. Akasema hasikii kitu, huku akitazama buti zake.

Moto uliwashwa kesho yake saa mbili asubuhi. Saa hiyo, nyumbani Rothes, yule aliyekaa kwenye kiti cha Effie alimpakulia Ranald uji, akautia chumvi anavyopenda, akamuuliza kwa sauti ya mwanawe mbona hali chakula.

Ranald akachukua kijiko. Akala, kwa sababu hakujua jingine la kufanya.